Msimamo wa Daraja la Tatu

Mimi ndiye ninayeandika msimamo.
Jumatatu asubuhi, chaki na kitambaa kibichi,
ubao umeegemea duka la dawa la Mama Kyakimwa,
kando ya kijana anayechaji simu kwa betri ya gari.
Watu husimama kuusoma. Labda ndiyo maana huitwa msimamo:
wewe unasimama, timu yako inashuka.

Timu kumi.
Wembe wa Katoyi, vinyozi watupu isipokuwa kipa.
Umoja wa Birere, wenye makocha wawili wasiosalimiana.
Bidii ya Sake, wanaokuja kwa lori la maharage
na kulipa nauli kwa kupakua magunia.
Na mkiani, Nyota ya Ndosho:
mechi kumi na saba, ushindi hakuna, sare hakuna.
Mabao ya kufungwa, nilipofika sitini na moja
niliendelea kuhesabu kwa heshima tu.

Uwanja wetu ni mlima uliotembea.
Ulishuka na moto wake, ukapoa hapa,
tukaupiga nyundo miaka mitatu mpaka ukawa sawa.
Si sawasawa. Sawa.
Kona ya kaskazini imebaki na nundu,
mpira ukiigonga hutoka na mawazo yake.
Anayeanguka hapa haombi penalti, anaomba maji.

Mwamuzi Buunda ana kadi moja, ya njano;
nyekundu ilifuliwa pamoja na suruali.
Akikufukuza, anakuonyesha barabara.

Nahodha wa Nyota ni Mutokambali, msukuma chukudu.
Juma zima anateremsha viazi kutoka Kibumba,
breki yake ni soli ya kandambili.
Jumapili ni beki wa kati:
mshambuliaji akija, yeye huinama kidogo
kama anayetaka kumpakia.
Nilimwuliza: mkifungwa tena mtashuka wapi?
Chini ya daraja la tatu hakuna daraja, kuna mawe.
Akacheka. "Karani, ngazi iliyolala chini
nani ataanguka kutoka juu yake?"

Jumapili ya mwisho, Nyota na Bidii, saa nane.
Saa nane na robo.
Saa nane na nusu.
Barabara ya Sake ilikuwa imefungwa tangu Ijumaa,
simu ya kocha wao iliita, kisha haikuita.
Buunda akatazama ile barabara anayowaonyesha watukutu.
Hakuna hata vumbi.

Kanuni ya kumi na moja niliiandika kwa mkono wangu:
timu isiyofika, tatu kwa sifuri.
Pointi tatu, za kwanza tangu Nyota waitwe Nyota.
Nikafungua daftari, nikaipulizia kalamu.

Mutokambali akaweka kiganja juu ya ukurasa,
kiganja kizito, kinanuka raba iliyoungua.
"Usiandike."
"Ni haki yenu."
"Hatukumfunga mtu."
"Lakini kanuni..."
"Andika kwamba tunawangoja."

Wakagawana, sita kwa watano,
wakacheza wao kwa wao hadi mpira ukawa hauonekani.
Kipa wao alifunga bao kutoka kwenye nundu.
Walilishangilia kama watu wazima waliopoteza akili,
na mimi nilikuwa nimeshafunga daftari.

Leo ni Jumatatu ya tisa.
Mvua imekula herufi za Wembe, nazirudishia.
Kombe liko chini ya kitanda changu, limefungwa gazeti.
Wakubwa wa ligi wamenijia mara mbili:
karani, maliza hesabu, watu wanataka bingwa.
Nyota, kumi na saba. Bidii, kumi na saba.
Imebaki moja.
Mama Kyakimwa naye, akihesabu vidonge, ananiuliza:
na wewe msimamo wako ni upi?
Nachovya kitambaa, napangusa pembeni pembeni,
kile kisanduku nakiacha kitupu.

Jana lori la maharage lilipita.
Nilitoka mbio, chaki mkononi.
Lilikuwa limebeba mbao.